Nafasi Isiyozibwa: Maisha ya Familia Mwanajeshi Anapokuwa Operesheni

Fomu za shule huuliza swali linaloonekana rahisi: mtoto anaishi na nani? Mama ambaye mumewe amepelekwa operesheni nje ya nchi kwa miezi tisa husita kidogo kabla ya kulijibu. Akiandika kwamba mtoto anaishi na wazazi wawili, shule itatarajia sahihi ya baba ambaye hata simu yake haipatikani ila kwa bahati. Akiandika kwamba mtoto anaishi na mama peke yake, atakuwa amepotosha kwa namna nyingine, kwa sababu baba huyo hajafa, hajamwacha mkewe wala hajaitelekeza familia; nguo zake zimo kabatini, jina lake hutajwa kila siku, na baadhi ya maamuzi makubwa bado yanamsubiri yeye. Yupo na hayupo.

Kwa watu wa nje, ugumu wa maisha ya familia za wanajeshi ni hofu ya kifo pamoja na upweke. Hofu ipo na upweke upo, lakini kuna jambo jingine linalochosha zaidi na ambalo jirani hawezi kuliona kwa urahisi. Familia inatakiwa kuziba nafasi ya mtu aliyeondoka ili maisha yaendelee, na papo hapo inatakiwa kuiacha nafasi hiyo wazi ili mwenyewe akirudi aikute. Kazi hizo mbili zinapingana, na sehemu kubwa ya yale yanayotokea nyumbani, kuanzia ugomvi wa wiki ya mwisho hadi ukimya wa wiki za kwanza baada ya kurejea, hueleweka vizuri zaidi mtu akiyatazama kwa jicho hilo.

Mtaalamu wa tiba ya familia wa Marekani, Pauline Boss, ndiye aliyeipa hali ya namna hii jina la kitaalamu katika miaka ya 1970, alipokuwa akizichunguza familia za wanajeshi waliopotea katika vita vya Vietnam bila kujulikana kama wako hai au wamekufa. Kwa Kiswahili tunaweza kuiita upotevu usio na hakika. Boss alitofautisha sura zake mbili: mtu asiyekuwepo kimwili lakini aliyejaa mawazoni, na mtu aliyepo kimwili lakini ambaye akili yake iko kwingine. Familia ambayo mtu wake yuko operesheni haijafikia hali ya wale waliopotelewa kabisa, maana inajua kwamba mpendwa wake yu hai, angalau hadi mara ya mwisho walipozungumza. Hata hivyo sura ya kwanza inaihusu moja kwa moja, na baadhi ya familia hukutana na sura ya pili siku mwanajeshi anaporudi. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Katika nyumba hizi mambo ni kinyume: asiyekuwepo ndiye ambaye lake liko kila mahali.

Neno operesheni, bila shaka, hukusanya safari zisizofanana. Yupo anayekwenda vitani hasa. Yupo anayekwenda kulinda amani chini ya Umoja wa Mataifa, ambako hatari hutofautiana sana kati ya eneo moja na jingine. Yupo baharia anayekaa miezi mingi melini. Na yupo wa nyambizi, ambaye katika baadhi ya doria hatumi hata neno moja nyumbani, kwa kuwa kurusha mawimbi ya redio kungefichua mahali chombo kilipo. Mabaharia wa nyambizi za nyuklia za Uingereza hupokea kutoka kwa jamaa zao ujumbe mfupi wa kila wiki, wenye idadi ya maneno iliyowekewa kikomo, na hawawezi kuujibu. Mke anayeandika ujumbe huo anazungumza na ukuta akijua kwamba ukuta unasikia. Hatari ya safari hizi hailingani, lakini mpangilio wa maisha ya waliobaki unafanana kiasi cha kushangaza.

Kabla ya kuondoka

Shida haianzi siku ya kuagana. Huanza siku amri inapofika. Mwaka 1987 Kathleen Vestal Logan alichapisha katika Proceedings, jarida la Taasisi ya Wanamaji ya Marekani, maelezo ya hatua saba za kihisia ambazo wake wa wanamaji hupitia, na hatua mbili za mwanzo hutokea mume akiwa bado yumo ndani ya nyumba. Ya kwanza ni huzuni ya kumkosa mtu ambaye hajaondoka: mke hutokwa na machozi bila sababu ya wazi, hukasirika upesi, huorodhesha kila kitu kinachopaswa kutengenezwa kabla ya tarehe fulani. Ya pili ni kujitenga, na hii ndiyo inayowachanganya zaidi wahusika wenyewe. Watu wawili waliotarajia kuzitumia siku za mwisho kwa mapenzi hujikuta wakigombana kwa ajili ya bomba linalovuja au fedha iliyotumika vibaya miaka miwili iliyopita. Maelezo ya jambo hili ni rahisi yakishasemwa, ingawa si rahisi kuyakumbuka katikati ya ugomvi: kuagana na mtu uliyemkasirikia kunauma kidogo kuliko kuagana na mtu uliyemkumbatia. Mwanajeshi naye akili yake imeshatangulia. Anazungumzia kikosi, vifaa na wenzake, na mkewe anaona kwamba ameshaondoka huku viatu vyake vikiwa bado mlangoni.

Mwaka 2001 Simon Pincus na wenzake waliipanga upya safari hiyo katika vipindi vitano: kabla ya kuondoka, mwezi wa kwanza, kipindi kirefu cha katikati, mwezi wa mwisho, na miezi kati ya mitatu na sita baada ya kurejea. Mgawanyo huu umesambazwa sana kwenye mafunzo ya familia za wanajeshi, na faida yake kubwa ni kwamba unamwondolea mtu dhana kuwa yeye peke yake ndiye asiye wa kawaida. Mimi huona ni vyema kuusoma kama ramani, si kama ratiba ya treni. Wapo wanaoruka vipindi, wapo wanaorudi nyuma, na mtu aliyeambiwa kwamba mwezi wa pili mambo hutulia anaweza kujilaumu bure iwapo mwezi wa nne bado halali usiku.

Makaratasi nayo ni sehemu ya maandalizi, hata kama hayana mvuto. Wosia, majina ya warithi wa bima, hati ya kisheria inayomruhusu mwenzi kutia sahihi kwa niaba ya aliye mbali, nywila za akaunti, na jina la mtu atakayewachukua watoto ikiwa mzazi aliyebaki atalazwa hospitali: kila kimoja kati ya hivi, kisipofanywa, hugeuka kuwa tatizo katika wiki mbaya kuliko zote. Jeshi la Marekani linamtaka mzazi anayelea peke yake, na wanandoa ambao wote wawili ni wanajeshi, wawe na mpango wa maandishi wa malezi ya watoto wao kabla ya kutumwa. Linalokwepwa zaidi ni mazungumzo ya kifo: azikwe wapi, watoto waambiweje, nani apewe habari kwanza. Wanaoyakwepa huamini kwamba kulitaja jambo ni kuliita. Lakini mtu anayeachiwa maswali hayo bila majibu huyabeba peke yake kila usiku, wakati ambapo dakika arobaini za mazungumzo magumu zingempunguzia mzigo huo.

Kuziba safu nyumbani

Reuben Hill, mwanasosholojia wa Marekani, alizichunguza familia za jimbo la Iowa ambazo akina baba walikwenda katika Vita vya Pili vya Dunia kisha wakarudi, na mwaka 1949 akachapisha matokeo yake. Kazi hiyo ilizaa namna ya kufikiri inayotumika hadi leo, iliyopangwa kwa herufi A, B, C na X. A ni tukio lenyewe, kwa mfano amri ya kuondoka. B ni nyenzo ambazo familia inazo: fedha, ndugu, afya, ujuzi wa kuendesha nyumba. C ni namna familia inavyolielewa tukio hilo. X ni ukubwa wa mgogoro unaotokana na mambo hayo matatu yakikutana. Maana yake ni kwamba amri ileile, yenye tarehe zilezile, inaweza kuiyumbisha nyumba moja na kuipita nyingine, na tofauti isitokane kabisa na kile kinachotokea huko vitani.

Watu wengi huielewa B bila kuelezwa. C ndiyo inayostahili kutazamwa kwa utulivu. Mke anayeamini kwamba kazi ya mumewe ina maana, au walau kwamba mumewe hakuwa na hiari, huibeba miezi hiyo kwa namna tofauti na mke anayejua kwamba mumewe alijitolea kwenda bila kumshirikisha. Huyu wa pili habebi tu kutokuwepo kwa mumewe. Anabeba pia swali la kwa nini hakutosha kumfanya abaki. Ndiyo maana, kwa maoni yangu, mwanajeshi aliyejitolea hufanya kosa kubwa anapoificha nyumbani habari hiyo na kusingizia amri. Ukweli huo hujulikana, mara nyingi kupitia mke wa askari mwenzake, na unapojulikana hubadilisha maana ya kila siku iliyokwisha kupita.

Hill aliona jambo jingine ambalo halikutarajiwa: kuzoea kutengana na kuzoea kuunganika tena si jambo moja. Askari mmoja akianguka, wenzake husogea kuziba safu. Familia nazo hufanya hivyo. Mama hujifunza kutengeneza gari, mtoto mkubwa hushika zamu ya kufunga milango usiku, bibi huhamia chumba cha akiba. Familia inayoziba safu kabisa huishi kwa utulivu wakati wa kutengana, lakini mwanajeshi anaporudi hukuta hakuna pengo lenye umbo lake. Na familia isiyoziba safu hata kidogo, inayoahirisha kila uamuzi hadi arudi, humhifadhia nafasi yake lakini yenyewe haiishi. Linalofaa ni kitu cha katikati ambacho hakina kanuni: kazi zake zifanywe na watu wengine, lakini cheo chake katika nyumba kisigawanywe.

Kwa vitendo, maana yake inaweza kuwa ndogo sana. Kuna maamuzi ambayo mama angeweza kuyafanya peke yake kwa dakika tano lakini anayasubirisha wiki moja, kwa mfano mtoto ajiunge na mchezo gani, ili baba aliye mbali awe na kauli. Hana haja ya ushauri huo. Anachofanya ni kumwekea mumewe kiti.

Simu inayoita na simu inayonyamaza

Katika Vita vya Pili vya Dunia barua zilikuwa nyingi kuliko nafasi ya kuzisafirisha. Kuanzia Juni 1942 Marekani ilitumia mfumo ulioitwa V-mail, ambamo barua zilipigwa picha kwenye filamu ndogo, zikasafirishwa zikiwa filamu, kisha zikachapwa upya karibu na mahali pa kuzipokea. Barua 150,000 za ukurasa mmoja, ambazo zingejaza mifuko 37 ya posta, zilitosha katika mfuko mmoja. Barua ilichukua siku au wiki, mkaguzi wa jeshi aliisoma kabla ya mlengwa, na mwandishi alikuwa na muda wa kufikiri kabla ya kuifunga. Leo mwanajeshi aliye kambini yenye intaneti anaweza kumwona mkewe kwenye skrini jioni ileile aliyorudi kutoka doria.

Ni vigumu kuilaumu neema hiyo, nami siilaumu. Ila imeleta matatizo ambayo barua haikuwa nayo. Kwanza, ugomvi unaweza kuanza saa mbili usiku na kukatika saa mbili na dakika tatu kwa sababu mtandao umeanguka, kisha pande zote mbili zikabaki na neno la mwisho ambalo halikukusudiwa kuwa la mwisho. Pili, mwanajeshi anaweza kuhudhuria kila tatizo dogo la nyumbani bila uwezo wa kulitatua, na fimbo ya mbali haiui nyoka. Anaambiwa mtoto amefukuzwa darasani, anakasirika, anatoa adhabu kupitia skrini, na mama ndiye anayebaki kuitekeleza kwa siku nne zinazofuata. Tatu, mazoea ya kupigiwa kila jioni hugeuza jioni moja isiyo na simu kuwa dharura.

Swali ambalo familia huulizana zaidi ni hili: aliye mbali aambiwe nini? Wapo wanaoficha kila kitu ili asivurugike akiwa kazini na silaha mkononi. Wapo wanaosema kila kitu kwa kuwa ndoa ni ndoa. Mwanajeshi naye huchuja: haelezi mlipuko uliotokea jana, huzungumzia hali ya hewa na chakula. Matokeo ya kuchuja pande zote ni kwamba watu wawili wanaopendana huzungumza kila siku bila kuambiana lolote, na wote wawili wanahisi umbali ambao hawawezi kuueleza. Mimi sioni kwamba kuna jibu moja, lakini kuna tofauti inayosaidia: jambo ambalo aliye mbali anaweza kulifanyia kazi, hata kwa ushauri tu, aambiwe; jambo ambalo litamalizika kabla hajaweza kufanya lolote linaweza kusubiri, mradi wamekubaliana kabla ya safari kwamba mambo ya namna hiyo yatasubiri. Makubaliano hayo ndiyo hasa yanayotofautisha kumkinga mtu na kumdanganya.

Kisha kuna kimya cha namna nyingine. Katika majeshi ya Marekani na Uingereza, askari anapouawa au kujeruhiwa vibaya, mawasiliano binafsi kutoka kambi husika hukatwa mpaka ndugu zake wa karibu wapewe habari rasmi, ili wasije wakaipata mtandaoni. Utaratibu huo ni wa busara na wa heshima. Lakini familia za kikosi kimoja hujuana, hupigiana simu, na hutambua haraka kwamba waume wote wamenyamaza kwa pamoja. Wanajua maana yake. Kuna mlango mmoja utakaogongwa na maofisa waliovaa sare, na hakuna anayejua ni mlango gani. Baada ya saa nyingi ujumbe wa kawaida unaingia, “nipo salama”, na anayeupokea anashukuru, kisha anaona aibu kwa kushukuru, kwa sababu salama yake ina maana kwamba mwenzake mmoja wa karibu ndiye aliyefikiwa. Hisia hiyo haisemwi sana hadharani, na pengine ndiyo inayowaunganisha wake wa kikosi kimoja kuliko mikutano yote inayoandaliwa kwa ajili yao.

Muda nao una uzito wake. Mwaka 2010 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha uchunguzi wa kumbukumbu za matibabu za wake zaidi ya 250,000 wa askari wa Jeshi la Nchi Kavu la Marekani, kwa kipindi cha 2003 hadi 2006. Wake ambao waume zao walipelekwa operesheni waligunduliwa kwa wingi zaidi kuwa na sonona, wasiwasi na matatizo ya usingizi kuliko wale ambao waume zao hawakupelekwa, na tofauti ilikuwa kubwa zaidi pale ambapo operesheni ilizidi miezi 11. Kinachoumiza kuliko urefu wenyewe ni tarehe inayosogezwa. Aprili 2007 serikali ya Marekani ilitangaza kwamba zamu za jeshi hilo nchini Iraki na Afghanistan, zilizokuwa za miezi 12, zingekuwa za miezi 15, na tangazo hilo liliwahusu pia waliokuwa tayari huko. Familia ambayo mtoto wao alikuwa akikata siku kwenye kalenda ilipaswa kumweleza kwa nini kalenda imeongezwa kurasa. Kwa sababu hiyo ni vyema kutompa mtoto mdogo tarehe kamili, bali msimu: baada ya mvua, baada ya mitihani.

Watoto, na wale wasiohesabiwa

Mtoto wa miezi minane na kijana wa miaka kumi na mitano hawapitii safari moja. John Bowlby na James Robertson, waliowachunguza watoto wadogo waliotenganishwa na wazazi wao nchini Uingereza, walieleza mfuatano wa hali tatu: mtoto hulia na kupinga, kisha hukata tamaa na kunyamaza, kisha hujitenga kihisia kana kwamba amesahau. Ndiyo maana mtoto wa miaka miwili anaweza kumgeuzia mgongo baba aliyerudi na kukimbilia kwa bibi. Baba aliyeota tukio hilo kwa miezi tisa huumia sana, na anahitaji kuelezwa mapema kwamba kugeuziwa mgongo si kukataliwa. Picha na sauti husaidia kupunguza hali hiyo. Tangu mwaka 1989 lipo shirika la Marekani, United Through Reading, linalowarekodi wanajeshi wakisoma vitabu vya watoto ili sauti ya mzazi iendelee kusikika nyumbani wakati wa kulala.

Kwa watoto wakubwa zaidi, uchunguzi wa Anita Chandra na wenzake, uliochapishwa mwaka 2010 katika jarida la Pediatrics na kuhusisha zaidi ya familia 1,500 za Marekani zenye watoto wa miaka 11 hadi 17, ulionyesha mambo mawili yanayofaa kuwekwa pamoja. Miezi ya kutokuwepo kwa mzazi ilipoongezeka, matatizo ya mtoto nayo yaliongezeka. Na hali ya kiakili ya mzazi aliyebaki nyumbani iliendana kwa karibu na hali ya mtoto. Jambo la pili lina faida ya vitendo. Mama anayesema kwamba hana nafasi ya kumwona mshauri nasaha kwa sababu watoto ndio kwanza, anakosea hesabu, kwa kuwa msaada anaoupata yeye unawafikia watoto vilevile.

Vijana wana tatizo lao ambalo wazazi huligundua wakiwa wamechelewa. Mtoto wa miaka kumi na minne aliyeambiwa siku ya kuagana “sasa wewe ndiye mwanamume wa nyumba hii” huyachukua maneno hayo kwa uzito kuliko yule aliyeyatamka. Kwa miezi tisa anafunga milango, anawasaidia wadogo zake masomo, anamtuliza mama. Baba anaporudi na kumwamuru aende kulala saa tatu, kijana huyo amepokonywa cheo bila asante. Ukaidi wake ni malalamiko ya mtu aliyefukuzwa kazi. Ingekuwa heri maneno yale yasitamkwe kabisa.

Katika mazungumzo haya neno familia humaanisha mke na watoto, na mimi mwenyewe nimelitumia hivyo hadi hapa. Si sahihi. Askari wengi ni vijana wasiooa, na wanaokesha kwa ajili yao ni wazazi, ambao mara nyingi wanaishi mbali na kambi, hawamjui mke wa ofisa yeyote, na husubiri habari zao kupitia taarifa ya televisheni kama watu wengine wote. Wachumba hawamo katika orodha yoyote rasmi. Familia za askari wa akiba hujikuta katika mtaa ambao hakuna nyumba nyingine yenye hali kama yao, na majirani wanaouliza kwa nia njema kama baba amesafiri kikazi. Waume wa wanajeshi wanawake nao huingia katika vikundi vya msaada vilivyoundwa kwa kuwafikiria wake, wakakaribishwa kwa upole na wasirudi tena.

Siku ya kurudi na siku zinazofuata

Picha za uwanja wa ndege zenye maua na watoto wanaokimbia ni za kweli, na hudumu saa chache. Baada ya hapo huanza kipindi ambacho Logan alikieleza kama kujadili upya masharti ya ndoa. Mwanajeshi anafungua kabati la jikoni na hakuti vikombe mahali vilipokuwa. Anauliza kwa nini vimehamishwa, akidhani anauliza kuhusu vikombe. Mkewe anasikia kwamba miezi tisa ya kuendesha nyumba peke yake inakaguliwa. Yeye pia amebadilika. Amejifunza kuishi bila kuomba ruhusa, na anaona haya kukiri kwamba sehemu ya uhuru huo aliipenda. Watafiti wa mawasiliano ya wanandoa, akiwemo Leanne Knobloch wa Marekani, wameonyesha kwamba matatizo ya kipindi hiki hutokana sana na kutokuwa na uhakika kuhusu uhusiano wenyewe, na pia kuingiliana katika mambo ya kila siku: watu wawili waliokuwa na ratiba mbili sasa wanakwamishana, bila yeyote kuwa na nia mbaya.

Linalosaidia hapa ni kukabidhiana polepole. Aliyerudi asichukue fedha, malezi na funguo za gari wiki ya kwanza kama ofisa anayepokea zamu. Na aliyebaki asimtupie yote siku ya pili kwa sababu amechoka, hata kama kweli amechoka. Wapo wanaokubaliana jukumu moja kwa wiki. Wapo wanaoishi wiki mbili bila kubadilisha chochote, mwanajeshi akitazama tu jinsi nyumba inavyokwenda, jambo ambalo ni gumu kwa mtu aliyezoea kutoa amri.

Sura ya pili ya upotevu aliyoieleza Boss hujitokeza pale mwili unaporudi na akili ikabaki. Mtu anakaa sebuleni akitazama mlango, anaamka usiku kukagua madirisha, hawezi kukaa kwenye umati, anakasirika kwa jambo dogo kisha anajitenga siku nzima. Katika wiki za kwanza sehemu ya tabia hizi ni mazoea ya kazini ambayo hayajazimika; uangalifu uliomwokoa kule haukatiki kama taa. Zikidumu miezi, zikiongezeka badala ya kupungua, au zikiambatana na pombe nyingi, vipigo au maneno ya kutaka kufa, haifai tena kuziita uchovu wa safari, na hapo mke, mzazi au ndugu asingoje mwanajeshi aombe msaada mwenyewe. Daktari, mshauri nasaha au kasisi wa kikosi anaweza kuendewa na familia kwanza. Palipo na vipigo au vitisho, usalama wa watu wa nyumba hutangulia hata sifa ya mwanajeshi.

Kwa familia nyingi kipindi hiki hakimaliziki kwa utulivu, kwa sababu amri nyingine hufika. Wengine hudhani kwamba mara ya pili huwa rahisi kwa kuwa hatua zinajulikana, na ni kweli kwamba makaratasi hukamilika haraka na mama hashtuki tena gari likigoma. Lakini watoto hawazoei kwa namna hiyo. Yule aliyekuwa na miaka miwili na akamgeuzia baba mgongo sasa ana miaka mitano, anajua kuhesabu miezi, amesikia shuleni neno vita, na anauliza maswali ambayo mara ya kwanza hakuwa na uwezo wa kuyauliza. Kwake yeye hii ndiyo mara ya kwanza.